Mcheza kriketi anayechelewa kuiva asifutwe daftarini

Ndugu Mhariri,

Tunaomba nafasi katika ukurasa wako wa barua tuzungumzie wachezaji wa kriketi wanaopata mkataba wao wa kwanza wa kulipwa wakiwa na miaka 28, 32 na hata zaidi. Habari zao huandikwa kama muujiza: jana alikuwa klabuni, leo analipwa. Sisi tunaofundisha kriketi ya klabu hatuuoni muujiza huo. Tunachokiona ni hesabu ya ova (kila ova ni mipira sita ya mrushaji mmoja), kasi, miguu na kalenda, na wateuzi wengi huacha kuipiga hesabu hiyo pindi mchezaji anapofikisha miaka 20.

Tuanze na namna wanavyopotea. Mchujo hufanywa mapema mno. Uingereza, kwa mfano, makundi ya umri hukatwa tarehe 1 Septemba. Mtoto aliyezaliwa Septemba na yule wa Agosti inayofuata huwekwa kundi moja ingawa mmoja amemzidi mwenzake karibu miezi 12. Katika umri wa miaka 13, miezi hiyo ni sentimita kadhaa za urefu na kilo kadhaa za msuli. Mrefu anarusha kwa kasi, anapata wiketi (anawatoa wapigaji), anaitwa akademia, anapewa pichi nzuri (kile kipande cha katikati kinachorushiwa mpira) na kocha wa kila wiki. Mfupi anarudi klabuni kupiga akiwa namba 8, yaani wa nane kwenye foleni ya wapigaji, mahali ambapo wiki tatu kati ya nne hafiki hata kuvaa pedi. Wakifika miaka 22 wanalingana kimo, lakini mmoja ana miaka minane ya mafunzo na mwingine ana miaka minane ya kungoja zamu.

Hapo ndipo watu huchanganya mambo mawili. Kuna mchezaji aliyechelewa kuiva, na kuna aliyecheleweshwa. Michael Hussey wa Australia alicheza mechi yake ya kwanza ya Testi (mechi ndefu za kimataifa) Novemba 2005 akiwa na miaka 30, na tayari alikuwa amepiga mikimbio 15,313 (mkimbio ndio pointi ya kriketi) katika mechi za daraja la kwanza, zile rasmi za siku tatu au zaidi. Huyo hakuchelewa, foleni ya wapigaji wa Australia ndiyo ilikuwa ndefu. Adam Voges naye aliingia Juni 2015 kule Dominica akiwa na miaka 35, akapiga 130 bila kutolewa, na akamaliza mechi zake 20 za Testi kwa wastani wa mikimbio 61.87 kwa kila mara aliyotolewa. Wachezaji wa namna hii walikuwa wakionekana kila wiki, kilichokosekana ni nafasi. Barua yetu inawahusu zaidi wale wasioonekana kabisa.

Kati ya hao, Pravin Tambe wa Mumbai ndiye wa kutazamwa kwa makini. Mei 2013 aliingia uwanjani na Rajasthan Royals katika IPL, ligi ya kulipwa ya India, akiwa na miaka 41, na hakuwa amecheza hata mechi moja ya daraja la kwanza. Maisha yake yote ya kriketi yalikuwa ya klabu na timu za makampuni. Mwaka huohuo akachukua wiketi 12 katika mechi tano za Champions League Twenty20, mashindano ya klabu ya mechi za ova 20. Mei 2014 alipata hat-triki (wiketi tatu mfululizo) dhidi ya Kolkata kwa mipira miwili tu halali, kwa kuwa wiketi ya kwanza ilitokana na mpira mpana, ule unaopita mbali na mpigaji na hauhesabiwi katika ova: mpigaji alitoka nje ya mstari wake na mlinda wiketi akamvunjia vijiti.

Kinachosahaulika katika habari ya Tambe ni kwamba alianza kama mrushaji wa kasi ya wastani, kisha akageukia legi-spini, aina ya spini, yaani mrusho wa polepole wa kuuzungusha mpira ili ugeuke ukigonga chini. Ajaz Patel wa New Zealand alianza kama mrushaji wa kasi wa mkono wa kushoto kabla ya kuhamia spini. Akacheza Testi ya kwanza akiwa na miaka 30, na Desemba 2021 kule Mumbai akachukua wiketi zote 10 za India katika zamu moja ya kupiga kwa mikimbio 119. Varun Chakravarthy alikuwa mlinda wiketi shuleni, akaiacha kriketi, akasomea usanifu majengo, akarudi kama mrushaji wa kasi ya wastani, goti likaumia, ndipo akashika spini. Katika mnada wa IPL wa Desemba 2018 bei yake ya kuanzia ilikuwa rupia milioni 2. Alinunuliwa kwa rupia milioni 84.

Watatu hao walikuwa wakifanya kazi isiyo yao. Mrushaji wa kasi ya kilomita 115 kwa saa, mwenye mkono mrefu na kiganja chepesi, anaweza kukaa miaka kumi klabuni akipata wiketi mbili kila Jumamosi na asiende popote, kwa kuwa juu ya ngazi ya klabu kasi hiyo ni chakula cha wapigaji. Swali la kwanza la kocha anapompokea mtu wa miaka 25 liwe, “Kazi unayoifanya uwanjani ulipewa na nani, na lini?” Mara nyingi alipewa kazi hiyo akiwa na miaka 12 na mtu aliyekuwa anajaza nafasi.

Spini ndiyo njia pana zaidi kwa mchelewaji, na kuna sababu. Haidai mwili wa miaka 19. Inadai maelfu ya mipira, subira ya kupigwa mikimbio sita kwa mpira mmoja bila kubadili mpango, na macho ya kusoma miguu ya mpigaji. Noman Ali wa Pakistan alianza Testi Januari 2021 akiwa na miaka 34 na akachukua wiketi tano katika zamu ya pili. Januari 2025, akiwa na miaka 38, akapata hat-triki dhidi ya West Indies.

Kasoro ya spina (mrushaji wa spini) wa klabu ni ileile karibu kila mahali: ana usahihi, hana mzunguko. Amejifunza kuangusha mpira mahali pamoja kwa sababu nahodha wake hapendi kupigwa, na kidogo kidogo vidole vimeacha kuuvuta. Mpira uliozungushwa sawasawa huvuma hewani, na mpigaji aliye kimya anausikia. Usiovuma utageuka kidogo klabuni kwenye pichi iliyochakaa, lakini kwenye pichi ya kulipwa siku ya kwanza utakwenda mstari mnyoofu. Dawa yake inaudhi lakini ni rahisi. Chora mstari wa kalamu ya wino mzito kando ya mshono, simama mita 10 tu kutoka kwa mwenzako, rusheni bila kukimbia, mtazame kama mstari huo unazunguka wima au unayumba kama sahani iliyorushwa ovyo. Mipira 100 kwa siku, siku nne kwa wiki, kwa wiki sita, kabla ya kurudi kwenye urefu kamili wa mita 20.12. Usahihi utapotea wiki mbili za mwanzo, na hapo ndipo wengi hukata tamaa wakarudia mrusho wao wa zamani.

Baadaye ndipo upimwe usahihi. Chora kisanduku chenye urefu wa mita 1.5 na upana wa sentimita 40, kianzie mita 3.5 kutoka kwenye vijiti vya mpigaji, nje kidogo ya kijiti cha pembeni. Rusha mipira 60 kwa vikundi vya sita, mpigaji akiwapo. Kipimo chetu, ambacho ni cha uzoefu tu, ni hiki: chini ya 30 ndani ya kisanduku, bado; kuanzia 40, aitwe mteuzi. Wakati wote huo mpira uwe unavuma.

Jambo jingine lisilosubiri ni kiwiko. Kanuni za kimataifa haziruhusu kiwiko kunyooka zaidi ya nyuzi 15 wakati wa kurusha. Mchelewaji aliyejifundisha mwenyewe mpira wa kudanganya, ule unaogeukia upande usiotarajiwa, yumo hatarini kuliko aliyelelewa akademia, kwa kuwa hakuna aliyemchunguza. Saeed Ajmal, aliyeanza Testi akiwa na miaka 31, alisimamishwa kurusha Septemba 2014 baada ya kiwiko chake kupimwa maabara, wakati huo akiwa miongoni mwa spina bora duniani. Rekodi mrusho kwa simu kutoka pembeni na kutoka nyuma kabla hujauzoea. Simu haitakupa nyuzi kamili, lakini mkono unaofunguka itakuonyesha.

Mrushaji wa kasi ana hesabu nyingine. Watu hudhani miaka 27 ni uzee kwake, na hapa tuna neno la faraja. Nyufa za mifupa ya mgongo wa chini, maradhi yanayowaangamiza warushaji chipukizi, huwapata zaidi vijana ambao mifupa yao haijakomaa. Aliyerusha ova chache ujanani mara nyingi huja na mgongo mzima. Anachokosa ni uzoefu wa mzigo. Mguu wa mbele unapotua hupokea nguvu inayozidi uzito wa mwili mara tano na zaidi, na klabuni hilo hutokea mara 60 kwa wiki, pengine 120 ukihesabu mazoezi. Mechi ya siku nne inaweza kumdai ova 30 au zaidi. Akipewa mkataba Jumatatu na kutupwa kwenye mzigo huo Alhamisi, msuli wa nyuma ya paja, misuli ya ubavu au kano ya kisigino itakatika kabla ya mwezi kwisha, na watu watasema, “Si tulisema ni mzee?”

Mzigo upandishwe kwa asilimia 10 kwa wiki. Wiki ya kwanza mipira 120, ya pili 132, ya tatu 145. Ya nne irudi 120 ili mwili upumue. Ya tano 160, ya sita 176, ya saba 193, yaani ova 32. Usirushe siku tatu mfululizo, na mipira ya kupasha mwili moto ihesabiwe kama itarushwa kwa nguvu zote. Daftari hilo la ova ni muhimu kuliko video ya wiketi nzuri; kocha wa timu ya kulipwa anayeijua kazi yake ataliulizia kwanza.

Kasi nayo ipimwe, isikisiwe. Kama hakuna bunduki ya rada, simu inayorekodi fremu 240 kwa sekunde inatosha. Isimamishwe pembeni, mbali kiasi cha kuona pichi yote, kisha zihesabiwe fremu tangu mpira unapotoka mkononi hadi unapofika kwa mpigaji. Mita 17.7 kwa fremu 120 ni nusu sekunde, wastani wa kilomita 127 kwa saa, na ukikosea fremu moja umekosea kama kilomita moja. Kasi ya kutoka mkononi ni kubwa kuliko huo wastani, maana mpira hupungua hewani na hupungua zaidi ukigonga chini. La maana ni kulinganisha ova ya kwanza na ya kumi na tano. Anayeanza na 130 na kumalizia 118 hana tatizo la kasi, ana tatizo la miguu.

Kwa mpigaji, tofauti ya klabu na kulipwa ni muda. Kutoka mstari mmoja wa kupigia hadi mwingine ni mita 17.68. Mpira wa kilomita 140 kwa saa humwachia mpigaji takriban nusu sekunde. Wa kilomita 115 humwachia zaidi ya sita ya kumi. Hiyo moja ya kumi ndiyo aliyokuwa akiitumia miaka yote kunyanyua gongo juu, kuteleza mguu wa mbele na kuvuta mpira kwa mkono wa chini upande wa mguu. Pigo hilo limemletea mikimbio mingi klabuni, na ndilo litakalomuua, kwa kuwa kwenye pichi yenye mruko gongo litagusa mpira kwa ukingo wa juu na mdakaji hatahitaji hata kukimbia.

Namna ya kuzoea bila mrushaji wa kilomita 140 ni kusogea. Mtu anayerusha kwa fimbo ya plastiki ya kurushia mpira kwa kilomita 115, akisimama mita 14.5 kutoka kwa mpigaji, humwachia muda uleule wa kilomita 140 kwa umbali kamili. Kofia ya chuma ivaliwe, na wiki ya kwanza utumike mpira laini. Lakini tahadhari: ukisogea, pembe ya mpira hubadilika, kwa hiyo zoezi hili ni la macho na miguu tu. Halifundishi kupima urefu wa mpira. Mashine ya kurusha ina upungufu mwingine, nayo ni kwamba haina mkono. Mpigaji mzuri huanza kusoma mpira kabla haujatoka, kwa kutazama bega, kiganja na mshono. Mbele ya mashine kipaji hicho hulala. Nusu ya mazoezi kwa fimbo, robo kwa mrushaji mwenyewe hata kama si wa kasi, robo kwa mashine, ndiyo mchanganyiko tunaoupendekeza.

La pili kwake ni kuacha kungoja mpira mbovu. Klabuni mpira mbovu huja karibu kila ova, hivyo mpigaji hungoja. Juu kule anaweza kungoja ova nne. Asipojua kuchukua mkimbio mmoja mmoja kwa kusukuma mpira pembeni mwa mdakaji, atabanwa mpaka apige kwa hasira. Mwandikishaji wa klabu amwekee hesabu ya mipira aliyoicheza bila kupata mkimbio. Wastani wa 55 wenye mipira kimya minne katika kila sita si tiketi ya mechi za ova 20.

Udakaji na mbio tutavipitia kwa ufupi, ingawa ndivyo vinavyowaangusha wengi siku ya majaribio. Bodi ya kriketi ya India mwaka 2021 iliweka kilomita 2 kwa dakika 8 na sekunde 15 kwa warushaji wa kasi, na dakika 8 na sekunde 30 kwa wengine. Ni shabaha nzuri kwa yeyote. Mpaka wa uwanja unaweza kuwa umbali wa mita 82 kutoka katikati, hivyo asiyeweza kurusha mita 60 kwa mpira wa chini chini atafichwa karibu na pichi, na huko hakuna pa kujificha.

Kuna atakayeuliza kama mwili wa miaka ya thelathini na ushei unafaa mapambano makubwa. Aasif Karim wa Kenya, tarehe 15 Machi 2003 kule Durban, akiwa na miaka 39, aliwarushia Australia ova 8 na mipira miwili, ova sita zikiwa hazina mkimbio, akatoa mikimbio 7 na kuchukua wiketi 3. Frank Nsubuga wa Uganda, akiwa na miaka 43, alimaliza ova zake nne dhidi ya Papua New Guinea katika Kombe la Dunia la Twenty20 la 2024 kwa mikimbio 4 na wiketi 2. Hao hawakuchelewa, waliiva mapema wakadumu. Tunawataja kwa ajili ya hoja ya umri tu.

Sasa tuwageukie wateuzi. Majaribio ya kawaida humpa mpigaji mipira 12 kwenye neti na mrushaji ova mbili. Huo ni mtihani wa mwonekano, na kijana aliyefundishwa akademia ataushinda siku zote kwa sababu mkao wake unapendeza. Fanyeni siku mbili katikati ya uwanja: kila mpigaji mipira 60 kwa vipande viwili, kila mrushaji vipindi vitatu vya ova tano, cha mwisho kikiwa asubuhi ya siku ya pili, mwili ukiwa umekakamaa. Kipindi hicho cha tatu ndicho kitakachosema ukweli. Na kabla ya hapo, someni madaftari ya ligi ya klabu. Mwaka 1901 nahodha wa England, Archie MacLaren, alimchukua Sydney Barnes kutoka ligi ya Lancashire hadi Australia, ilhali Barnes alikuwa na mechi chache mno za daraja la kwanza. Katika Testi yake ya pili alichukua wiketi 13, na hatimaye akafikisha 189 katika mechi 27. Siku hizi Uingereza ipo South Asian Cricket Academy, inayowaandaa watu wazima waliopitwa na mchujo wa utotoni na kuwapeleka mbele ya timu za kulipwa za kaunti. Mfano wa kuigwa upo, hauhitaji kubuniwa.

Mwisho ni karatasi. Mkataba wa kwanza wa mchelewaji huwa mfupi: wiki mbili, mwezi, pengine msimu mmoja. Varun, pamoja na bei yake yote, alipigwa mikimbio 25 katika ova yake ya kwanza ya IPL na akacheza mechi moja tu msimu ule. Miaka miwili baadaye ndipo alipovaa jezi ya India. Kwa hiyo mwenye ajira aombe likizo isiyo na malipo, asiandike barua ya kuacha kazi. Asome vifungu vitatu kabla ya kusaini: nani anayelipa matibabu akiumia mazoezini na si kwenye mechi, malipo yanaendelea kwa wiki ngapi akiwa majeruhi, na timu inatakiwa kumwarifu siku ngapi kabla kwamba haitamwongeza muda. Kama hayo hayamo kwenye karatasi, aulize na yaandikwe kabla hajaaga kazini.

Ni sisi,
Makocha wa kriketi ya klabu